Mpaka Nilete Karamu

Jumatatu, 16 Oktoba

Vuli imeingia kwa fujo. Upepo wa jana umeng'oa bati kumi na moja za darasa la Kidato cha Kwanza B, na wanafunzi wamefurahi kupita adabu. Nimewahamishia chini ya mti wa mvule, nikawapa imla. Thelathini na mmoja kati ya arobaini wameandika "mkurima". Mmoja ameandika "mkulrima", nadhani alitaka asimuudhi mtu. Miaka ishirini na saba nawafundisha watoto wa Kihaya tofauti ya L na R, na mpaka leo R inaongoza.

Alhamisi, 19 Oktoba

Barua imekuja shuleni, ina muhuri. Naitwa kwenye Kamati ya Maadili, ile inayosikiliza malalamiko dhidi ya mahakimu wa Mahakama za Mwanzo. Niliteuliwa mwaka jana kwenye nafasi ya "watu wenye busara na heshima katika jamii". Nilipompigia mke wangu Shamsa kule nyumbani Bukoba kumpa habari ile, aliuliza, "Kwani watu walikuwa wamesafiri?" Mwaka mzima hatujawahi kukutana. Nilishaanza kuamini kwamba heshima yangu ni ya kuwekwa kabatini.

Jumatatu, 23 Oktoba

Leo nimezungumza sana. Niandike yote nikiwa bado naikumbuka sauti yangu, maana ilinipendeza.

Anayelalamikiwa ni Hakimu Kemilembe. Mahakamani kwake kuna shauri la mirathi ambalo Muleba nzima inalijua. Mjane anaitwa Kokushubila, na shemeji yake ni Rweyemamu, mwenye mitumbwi ya Bumbire. Marehemu aliacha nyumba, kibanja cha migomba na kahawa, na mtumbwi mmoja wa injini. Rweyemamu anataka awe msimamizi wa mirathi, na mjane naye anataka vivyo hivyo. Shauri lina miaka mitatu. Uamuzi utasomwa tarehe 11 Desemba.

Aliyelalamika ni Mushumbusi, mvuvi wa Rweyemamu na shahidi wake katika shauri hilohilo. Barua imechapwa kwenye duka la stesheneri, mistari michache tu:

"Hakimu Kemilembe alikataa kupokea maelezo yangu mpaka nilete karamu. Mimi sikuwa nayo. Nilizunguka sokoni kuitafuta nikachelewa, naye akanigombeza mbele za watu. Naomba haki yangu."

Mwenyekiti alivua miwani. "Mwalimu Awadhi, wewe ndiye mwenye lugha hapa. Karamu hapa ina maana gani?"

Mtu mwenye busara na heshima angejibu, "Tumuulize aliyeandika." Mimi nilisimama. Nilieleza kwamba Waswahili hawaiti rushwa kwa jina lake, wanaivisha nguo. Kuna chai, kuna kitu kidogo, kuna ya soda, kuna asante. Karamu, nikasema, ni tafsida iliyokomaa, maana inaonyesha mlaji hataki kikombe, anataka sinia. Mwenyekiti aliandika. Katibu aliandika. Nilihesabu dakika kumi na tano na hakuna aliyepiga miayo, jambo ambalo darasani halijapata kutokea.

Bi Joanitha peke yake hakuandika. Ni mama wa Kilutheri, muuguzi mstaafu, macho yake ni ya mtu aliyezoea kutafuta mshipa. "Mwalimu, na karamu inatafutwaje sokoni?"

"Ni vitu vyake, dada. Mbuzi, mchele, mafuta."

Akasema, "Haya."

Mwenyekiti alitukumbusha mambo mawili. La kwanza, faili la shauri haliguswi. Tunachunguza mwenendo wa hakimu, hatumwongozi mkono wa kuandikia hukumu. La pili, mlalamikaji aje tarehe 6 Novemba athibitishe. Akithibitisha, tutapendekeza hakimu asimamishwe, na mashauri yake apewe mwingine.

Nilipotoka nje ndipo nikakumbuka kwamba nilimfundisha Mushumbusi, zaidi ya miaka kumi na tano iliyopita. Alikuwa anakaa dirishani.

Jumanne, 24 Oktoba

Mvua. Darasa linavuja.

Jumamosi, 28 Oktoba, Buhembe

Nyumbani. Nimemsimulia Shamsa, bila kutaja majina, kama sheria inavyotaka. Alisikiliza huku anamenya ndizi.

"Ni yule mama hakimu aliyerudisha kadi yetu," alisema.

Nilikaa kimya, na kwa Shamsa kimya changu ni kiapo.

Kadi ile niieleze. Tulipomwoza binti yetu Sumaiya mwezi wa sita niliwaalika wakubwa wote wa Muleba, na mmoja tu alirudisha kadi, tena na kijikaratasi: "Nawatakia kila la heri. Sihudhurii sherehe za watu ninaoweza kukutana nao mahakamani." Niliona ananitabiria kesi. Tangu siku ile nikimwona njiani nasema moyoni, huyu ana maringo. Wengi wanasema hivyo. Hanywi chai ya mtu, hakai msibani zaidi ya kutoa pole, anakwenda sokoni mwenyewe na kapu lake.

"Baba Sumaiya," Shamsa alisema, kisu kimesimama hewani, "unamhukumu kwa rushwa, au kwa pilau letu ambalo hakulila?"

Nikatoka kwenda kuangalia kama mvua imekatika. Ilikuwa haijakatika, nikasimama nayo hivyohivyo.

Jumatano, 1 Novemba

Rweyemamu kaja shuleni. Tulisoma naye darasa moja. Yeye alikuwa ananakili hesabu zangu, ndiyo maana sote wawili tulifeli. Ni mwenyekiti wa bodi ya shule, mcheshi, na mkono wake ni mwepesi kutoa, hilo siwezi kumnyang'anya. Alitazama paa la Kidato cha Kwanza B, akatikisa kichwa kama daktari.

"Bati ishirini, mwalimu. Mwisho wa Novemba zitakuwa hapa."

"Kasinge waitu," nikamshukuru.

Akanishika bega. "Nasikia kule kwenye kamati uliwafungulia watu akili. Kwamba karamu ni rushwa."

"Umesikia wapi?"

"Muleba hii, mwalimu? Hapa mtu akipiga chafya mahakamani, stendi wanamwambia afya." Alicheka, kisha akaacha. "Ulishasema. Neno la mwalimu halifutwi kama ubao."

Usiku sikulala vizuri. Nilijiambia ni mbu.

Jumatatu, 6 Novemba

Mushumbusi hakuja. Imeletwa taarifa kwamba yuko ziwani, kambi ya Bumbire. Hakimu alikuwa ameleta majibu yake kwa maandishi, sentensi moja: "Sijapata kuomba karamu kwa mtu yeyote." Katibu aligeuza karatasi kutafuta upande wa pili.

Nilikutana na hakimu kwenye veranda, mvua ikimwagika, hakuna pa kwenda. Nikajaribu ubinadamu.

"Mheshimiwa, kama kuna la kueleza kuhusu siku ile..."

"Mwalimu, wewe ni mjumbe na mimi ni mlalamikiwa. Tukisalimiana inatosha. Hujambo?"

"Sijambo."

"Vizuri." Akafungua mwavuli, akaenda.

Maringo, nilitaka kusema. Neno likakwama. Nimekaa na hilo jioni yote. Mwanamke ambaye hajala sinia la mtu yeyote wilaya hii, hata la harusi ya binti yangu, ndiye namshtaki kwa karamu. Mlaji gani huyo anayeshinda na njaa miaka mitatu akingojea shahidi mvuvi?

Ijumaa, 10 Novemba

Sokoni. Mjane Kokushubila alikuwa anauza ndizi zake, mikungu mitatu. Nilitaka kupita upande wa pili, akaniona.

"Mwalimu waitu, usinikimbie. Sikuombi kitu."

"Sikimbii, mama. Natembea haraka."

"Nasikia mnataka kumtoa hakimu." Hakungoja nijibu, na vizuri, maana jibu sikuruhusiwa kuwa nalo. "Sijui kama atanipa au ataninyima. Hajawahi hata kunichekea. Lakini miaka mitatu amenisikiliza, anajua mpaka jina la mbuzi wangu. Akija mwingine naanza upya, namzika mume wangu mara ya pili. Aliyenisikiliza ndiye anijibu. Basi."

Nilinunua mkungu mmoja, kisha nikaogopa kwamba nimenunua kwa mhusika wa shauri, nikaurudisha. Akaniangalia kama mtu asiye na akili timamu, na sina hoja ya kumpinga.

Jumanne, 14 Novemba

Senene wameanguka, shule nzima imetoka kuwaokota. Hakuna aliyefundisha wala kufundishwa.

Jumatatu, 20 Novemba

Mushumbusi hakuja tena. Mwenyekiti amechoka, na simlaumu. "Barua ipo, maana ya neno imeshaelezwa na mtaalamu. Tuendelee na tulichonacho?"

Mtaalamu ni mimi. Nilihisi kiti kinapata moto.

"Mwenyekiti, naomba tumsikie mwenyewe."

"Ameitwa mara mbili."

"Basi tumfuate."

Bi Joanitha akadakia. "Hakimu akiondolewa kwa karatasi ambayo aliyeiandika hajaulizwa, kesho kila mwenye shauri atakwenda stesheneri. Na hakimu ajaye ataandika hukumu huku anatazama mlango. Lakini kama kweli aliomba, nataka nisikie kwa mdomo wa aliyeombwa, nami nitakuwa wa kwanza kunyosha mkono aende."

Mwenyekiti alifikiri. "Mtakwenda wawili. Msimfundishe la kusema. Mkirudi Jumatatu, tunaamua."

Nilikuwa nimesahau kwamba Bumbire ni kisiwa.

Alhamisi, 23 Novemba, Bumbire

Mimi ni Mhaya wa migombani. Ziwa nalijua kwa upande wa samaki aliyeiva. Mwaloni, pale mitumbwi inapopakia, walinivalisha jaketi la kuokolea lisilofunga tumboni, nahodha akasema, "Mzee, wewe hata bila hili utaelea." Bi Joanitha alikaa mbele, ameshika mkoba magotini kana kwamba yuko kanisani. Mimi nilisoma kila dua niliyoifahamu, zikaisha kabla ya nusu ya safari, nikaanza na mashairi.

Tulimkuta Mushumbusi kambini anashona nyavu, dagaa wametandazwa mchangani kwa matumaini, mawingu yakiwa yameshafungana. Amekuwa mwanamume mpana, ana ndevu. Aliponiona alisimama wima na kuficha sigara nyuma.

"Shikamoo mwalimu."

"Marahaba, Mushumbusi. Ivute tu, mimi sasa siyo zamu yangu."

Tulikaa juu ya mtumbwi uliopinduliwa. Bi Joanitha alimsomea barua yake, taratibu. Akasikiliza, akaitikia kila mstari.

"Ni yako?"

"Ni yangu, mama. Nilimtajia yule wa stesheneri, akachapa. Bosi alisema, kama hakimu alikukosea, andika. Na alinikosea. Alinifokea kama mtoto, na watu wanatazama."

"Na hii karamu," nikasema, "alitaka karamu gani?"

"Ya bluu."

Maji yaligonga mawe mara mbili, mara tatu.

"Ya bluu," Bi Joanitha alirudia.

"Ya wino wa bluu, mama. Mimi nilikuwa nimesaini kwa nyekundu. Hakimu akasema maelezo ya mahakama hayasainiwi kwa wino mwekundu, nenda ulete karamu nyingine. Nilizunguka soko zima, siku ile ilikuwa mvua, maduka yamefungwa. Nimerudi, akanifokea kwamba nimechelewesha shauri. Nilikuwa nimelowa mpaka ndani, mwalimu."

Bi Joanitha alinigeukia polepole. "Mbuzi, mchele, mafuta," alisema.

Miaka ishirini na saba. Mvulana wa dirishani, L niliyomnyima, na dakika kumi na tano za ufasaha wangu juu yake. Hakuna neno hata moja la uongo katika barua ile. Mwongo, kama yupo, alikuwa mtaalamu wa lugha.

Tulipomweleza jinsi barua yake ilivyosomeka, alishika kichwa. "Mbuzi? Mwalimu, mimi nimpe hakimu mbuzi, wangu yuko wapi?" Kisha akatazama kule injini za Rweyemamu zilikopangwa, na uso ukabadilika. "Bosi anajua ni karamu ya kuandikia. Nilimwambia mwezi uliopita, aliponiuliza. Akasema nikae huku, nisivuke mpaka Desemba."

"Utaandika hayo?" aliuliza Bi Joanitha.

Dagaa walianza kukusanywa, tone la kwanza limeshaanguka.

"Nikiandika, kazi hapa basi."

"Inawezekana," nikamwambia. Sikuwa na haki ya kumdanganya, nilishamkosea mara moja. "Na usipoandika, hakimu anaondoka kwa sababu ya kalamu."

"Mimi nilitaka aniombe radhi tu," alisema. "Sikutaka afukuzwe." Akanyosha mkono. "Leteni karatasi."

Nikampa kalamu. Ya bluu. Akaandika kwa mkono wake, ulimi nje, kama zamani. "Hakimu alisema nilete ka..." Hapo akasimama. Akainua macho kwangu. Yalikuwa macho yaleyale ya kwenye imla, yanayoomba herufi moja tu.

"Mwalimu Awadhi," alisema Bi Joanitha, "tazama ziwa."

Kumsaidia kungekuwa kumfundisha shahidi. Nikageuka. Sijapata kulitazama ziwa kwa uchungu kama ule.

Nilipogeuka tena alikuwa ameshamaliza. Alikuwa ameandika "karamu". Lakini hakujiamini, akaongeza mbele yake: "ya kuandikia, ya wino wa bluu, siyo ya kura". Na pembeni, kwa uhakika zaidi, alikuwa ameichora, na kifuniko chake.

Ijumaa, 24 Novemba

Rweyemamu kapiga simu. Hakucheka leo.

"Mwalimu, ulivuka maji."

"Nilivuka. Nilikaribia kufa."

"Hakuna aliyekutuma kufukua. Ulishatoa maana, kamati ikaandika, kila mtu yuko sawa. Watoto wako wanangoja bati."

"Wanangoja, kweli."

"Sasa je?"

Nilitazama Kidato cha Kwanza B, ndoo tano sakafuni, kila moja na sauti yake. "Wataendelea kungoja, Rweyemamu. Neno la mwalimu linafutwa. Mimi nafuta kila siku, ndiyo kazi yenyewe."

Alikata simu. Nikaenda kumwaga ndoo ya kwanza.

Jumatatu, 27 Novemba

Nilisimama mbele ya kamati nikiwa nimejiandaa usiku kucha. Hakimu Kemilembe alikuwepo, mikono juu ya meza. Karatasi ya Mushumbusi ilizungushwa, mchoro ukatazamwa. Nikaanza.

"Ndugu wajumbe, ninasimama kufuta kauli yangu. Ukweli ni kwamba hakimu aliomba karamu..."

Katibu aliinua uso.

"Ipi sasa, mwalimu?" aliuliza Mwenyekiti.

"Ya kuandikia, Mwenyekiti. Karamu."

"Umesema tena."

Shamsa amekuwa akiniambia miaka yote kwamba nikipaniki ulimi wangu hurudi Buhembe. Bi Joanitha alifunika mdomo kwa leso. Nilivuta pumzi, nikaitamka L ile kama mtu anayemeza mfupa: "Ka-la-mu." Nikaketi.

Hapo ndipo hakimu alipofumba macho kidogo, kama mtu anayetafuta siku moja kati ya nyingi. "Wino mwekundu," alisema. "Nakumbuka." Kisha akaongeza, bila kuombwa, "Kumfokea nilimfokea. Alikuwa amelowa na mimi nilitazama saa tu. Hilo ni kosa langu na nitamwomba radhi mbele za watu, kama nilivyomfokea mbele za watu."

Lalamiko la rushwa limetupwa. La kufokea limekubaliwa, kapewa onyo, likaandikwa. Habari ya shahidi kuzuiwa kisiwani imepelekwa kwa wanaohusika nayo. Mwenyekiti alinigeukia.

"Mwalimu, yale maelezo yako ya Oktoba yamo kwenye muhtasari. Kurasa mbili. Tuyafute?"

Nilitamani. "Yabaki. Chini yake iandikwe kwamba yalikuwa makosa, na ni yangu."

Alimuuliza hakimu kama ana la kusema.

"Nina hukumu ya kuandika," alisema. "Naomba niende."

Hakunishukuru. Nilipofika chumbani kwangu nikagundua ningefadhaika kama angenishukuru.

Alhamisi, 30 Novemba

Mwisho wa Novemba. Bati hazikuja. Mushumbusi amekuja, na mfuko mmoja, hana kazi. Ameniuliza kama paa lile linaweza kupigwa na turubai la mtumbwi. Anajua kushona turubai.

Ijumaa, 1 Desemba

Turubai limepigwa. Ndoo zimebaki mbili.

Jumatatu, 11 Desemba

Nilikwenda, nikakaa nyuma, benchi la mwisho. Mushumbusi alikaa mbele yangu. Kabla ya yote hakimu alimwita kwa jina, akasema, "Siku ile nilikufokea, sikutenda haki. Niwie radhi." Mushumbusi alisimama, akasema, "Asante, mwalimu." Hakuna aliyecheka kwa sauti.

Kisha hakimu akasoma hukumu kwa saa nzima, bila haraka, na mvua juu ya paa. Kokushubila ndiye msimamizi wa mirathi, nyumba na kibanja ni vyake na watoto. Nikaanza kutabasamu. Akafunua ukurasa mwingine. Mtumbwi, alisema, si sehemu ya mirathi. Rweyemamu amethibitisha kwamba ni wake, marehemu aliuazima tu, na shahidi aliyeeleza hilo ameaminiwa. Shahidi mwenyewe ni Mushumbusi. Maelezo yaleyale, yaliyosainiwa kwa bluu.

Nilikuwa nimejiandaa kufurahi upande mmoja. Niliwatazama wote wawili. Rweyemamu alikuwa anatafuna shavu. Kokushubila alikuwa anaitikia kwa kichwa, taratibu, kwa yaliyompendeza na yasiyompendeza, kama mtu anayejibiwa.

Hakimu aligeuza nakala ili wahusika wasaini kuzipokea. Akajaribu kalamu yake pembeni ya karatasi, akaitikisa, akajaribu tena. Imekwisha wino. Akainua uso.

"Nani ana kalamu?"

Mikono ilinyoshwa pande zote za chumba, karani, mjane, wakwe, mpaka Rweyemamu. Mushumbusi alinyosha mbili. Zote za bluu.

Yangu niliiacha mfukoni. Mjumbe wa kamati ya maadili hampi hakimu kitu.